Maneno magumu ya Kiingereza: husomwaje, na kwa nini herufi zake zinatupoteza

Kila baada ya muda mfupi husambaa mitandaoni klipu ya mtu akihangaika na neno la Kiingereza. Mara ni mbunge, mara mtangazaji, mara mwanafunzi aliyesimamishwa mbele ya wenzake. Ametamka "hyperbole" mwisho wake ukawa "bol", au ameitaja p iliyomo kwenye "receipt", na papo hapo watu wamejaa kwenye maoni kucheka na kuuliza alisoma shule gani. Upande wa pili wapo wanaoshangiliwa kwa kumwaga ung'eng'e ambao hakuna aliyewahi kuusikia, na msikilizaji anabaki kujiuliza kama neno hilo lipo kweli au limetungwa pale pale.

Hili halitokei kwetu tu. Mwaka 2017 mbunge wa India, Shashi Tharoor, alijibu tuhuma dhidi yake kwenye Twitter kwa kuziita "farrago" ya upotoshaji na uongo. India nzima, nchi ambayo Kiingereza ni lugha ya mahakama na vyuo vikuu, ikakimbilia kamusi. Neno hilo lina maana ya mchanganyiko wa ovyo, na asili yake ni Kilatini: lilikuwa jina la chakula cha ng'ombe kilichochanganywa nafaka za kila aina. Waingereza husema fa-RAA-go, Wamarekani wengi fa-REI-go. Ukishajua habari ya ng'ombe, maana haikutoki tena.

Kuna jambo moja linalonisukuma kuandika haya. Mtu anayekosea kutamka neno ambalo maana yake anaijua vizuri, mara nyingi amelikuta kitabuni kabla hajalisikia mdomoni mwa mtu. Kosa lake ni ushahidi kwamba anasoma. Na kilichomkosesha si uzito wa ulimi, ni tahajia ya Kiingereza yenyewe, ambayo ina historia ya ajabu. Ukiijua historia hiyo kidogo tu, maneno yanayotisha yanaanza kusomeka.

Tukubaliane kwanza juu ya istilahi tatu. Tahajia ni namna neno linavyoandikwa. Matamshi ni namna linavyotoka mdomoni. Mkazo ni ile nguvu inayowekwa kwenye silabi moja kuliko nyingine. Matamshi nitayaandika kwa herufi za Kiswahili, na silabi yenye mkazo nitaiweka kwa herufi kubwa. Hayatakuwa sahihi kwa asilimia mia, maana baadhi ya sauti za Kiingereza hatuna, lakini yatakufikisha karibu.

Kiswahili kilifuta, Kiingereza kikabakiza

Kwa Kiswahili, ukiliona neno umeshalisoma. Irabu ni tano na sauti zake ni tano. Mkazo unakaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, isipokuwa kwa maneno machache, kama "barabara" ile yenye maana ya sawasawa. Kiingereza kina herufi tano hizo hizo za irabu, lakini matamshi ya kusini mwa Uingereza yana sauti za irabu zipatazo 20. Herufi zote ni 26, sauti zote ni kama 44. Hesabu haikubali. Lazima herufi moja ibebe mizigo mingi.

Unyoofu wa Kiswahili una sababu. Kwa karne nyingi kiliandikwa kwa herufi za Kiarabu, na tahajia yake ya sasa ni changa: kamati ya lugha ya nchi za Afrika Mashariki iliyosimamia usanifishaji iliundwa mwaka 1930. Na bado wakati huo huo ilikuwa ikifuata ulimi. Fungua vitabu vya zamani utakuta "khabari" na "khofu". Sauti ile ya kooni, iliyokuja na Kiarabu, ililegea kwa wasemaji wengi, basi na k ikaondolewa. Leo tunaandika habari na hofu.

Kiingereza nacho kilikuwa na sauti ya kh. Waliiandika gh. Neno "night" lilitamkwa karibu na "nikht", na "knight" lilitamkwa k yake, n yake na kh yake. Kisha sauti hiyo ikafa. Kwenye maneno mengine iliyeyuka kabisa: "though" ni dho, "through" ni thruu, "bough", yaani tawi la mti, ni bau. Kwenye mengine iligeuka f: "tough" ni taf, "cough" ni kof, "laugh" ni laaf. Herufi hazikuguswa. Ndiyo maana "ough" inasomwa kwa njia zaidi ya sita, na mgeni hana pa kushika.

Ukitembea Mji Mkongwe wa Zanzibar utaona nyumba ambayo mlango wake wa zamani umezibwa kwa mawe, lakini fremu ya mbao ingalipo ukutani. Hakuna anayepita hapo. Fremu inakuambia tu kwamba zamani watu walipita. Herufi bubu nyingi za Kiingereza ndivyo zilivyo. K ya "knife", w ya "write", gh ya "night", zote zilipitwa na watu zamani.

Mabadiliko makubwa zaidi yaliwakuta irabu. Mshairi Geoffrey Chaucer, aliyefariki mwaka 1400, angetamka neno "name" karibu na NAA-me, "time" karibu na TII-me, na "house" angeisoma huus. Kwa maneno mengine, irabu zake zilikuwa karibu sana na zetu. Mtoto wa darasa la tatu Tanga anayesoma "time" kama ti-me, akachekwa, yuko karibu na Chaucer kuliko alivyo mkazi wa London wa leo. Kati ya mwaka 1400 na 1700 hivi, irabu ndefu za Kiingereza zilihama zote, moja ikiisukuma nyingine, mpaka "aa" ikawa "ei" na "ii" ikawa "ai". Wanaisimu wanauita uhamaji huo Mhamo Mkuu wa Irabu.

Sasa angalia ubaya wa saa. William Caxton alifungua mtambo wa kuchapa vitabu Westminster mwaka 1476, yaani safari hiyo ikiwa bado inaendelea. Vitabu vikaanza kuzagaa, wachapaji wakazoea kuandika kwa namna fulani, wasomaji wakazoea kuiona, na hali irabu zilikuwa bado njiani. Kufikia mwaka 1755, Samuel Johnson alipotoa kamusi yake kubwa, tahajia ilikuwa imeganda karibu kama ilivyo leo. Midomo ilikwisha kwenda mbali.

Herufi zilizoingizwa na wasomi

Kuna kundi jingine la herufi bubu, na hili linaniudhi kidogo, maana herufi zake hazikuwahi kutamkwa na Mwingereza yeyote tangu mwanzo. Zilipachikwa.

Neno "debt", deni, lilitoka Kifaransa, na Waingereza waliliandika "dette" bila b. Wasomi waliotukuza Kilatini wakakumbuka kwamba babu yake ni "debitum", wakairudisha b ili ukoo uonekane. Ndivyo ilivyokuwa kwa "doubt", na ndivyo p ilivyoingia kwenye "receipt". Kwenye "island" walikosea kabisa. Neno hilo ni la Kiingereza cha kale na halikuwa na s, ila waliona linafanana na "isle" la Kifaransa, lenye asili ya "insula" ya Kilatini, wakalibandika s isiyo yake. Mpaka leo mamilioni ya wanafunzi duniani wanaadhibiwa kwa kuisoma s ambayo aliyeiweka ndiye aliyekosea.

Hapa ndipo sisi tuna hazina ambayo wengi hawaioni. Kiswahili kilipochukua maneno ya Kiingereza kilichukua kwa sikio, kikayaandika kama yalivyosikika. Tunasema "risiti", hakuna p. Tunasema "kwaya", na hiyo ndiyo hasa sauti ya "choir". Waingereza zamani waliliandika kwa "qu", kisha wakalivisha ch ili lifanane na "chorus" ya Kilatini. Tunasema "jela", na hivyo ndivyo inavyosomwa "gaol", tahajia ya zamani ya Uingereza inayomchanganya kila anayeikuta kwenye riwaya. Tunasema "nimonia" na "saikolojia", kwa hiyo tayari unajua kwamba p ya mwanzo katika "pneumonia" na "psychology" haisemwi. Mtu wa Kiswahili anatembea na kamusi ndogo ya matamshi mdomoni bila kujua.

Mfano unaopendeza kuliko yote ni "colonel". Mwanajeshi wa Tanzania au Kenya mwenye cheo hicho anaitwa kanali, na tukiwasikiliza Waingereza wanasema KAA-nel, karibu kabisa na sisi. L ya kwanza imekwenda wapi? Neno lilianza Italia, "colonnello", kiongozi wa safu ya askari. Wafaransa wa karne ya 16 wakalitamka "coronel", kwa r. Kiingereza kilipokea sura zote mbili, na kwa muda mrefu watu wakaandika hii na kusema ile. Mwishowe l ikashinda kwenye karatasi na r ikashinda mdomoni, kisha hiyo r nayo ikanyamaza katika matamshi ya kusini mwa Uingereza. Wamarekani bado wanaitamka.

Na "lieutenant" je? Waingereza wanasema lef-TE-nant, Wamarekani lu-TE-nant. Kiswahili chetu kinasema luteni, na hakuna sababu ya kuona haya mbele ya yeyote kati yao.

Uliza neno limetoka wapi

Marekani wana mashindano ya kitaifa ya tahajia kwa watoto, yaliyoanza mwaka 1925. Mtoto anasimama mbele ya kipaza sauti, anatajiwa neno ambalo pengine hajawahi kulisikia, na anatakiwa kulitaja herufi kwa herufi. Kabla ya kujibu anaruhusiwa kuuliza maana yake, aina yake, mfano wa sentensi, na lugha lilikotoka. Tazama mashindano hayo utaona karibu kila mtoto anauliza lilikotoka. Swali hilo ni ufunguo, na linafanya kazi pia kwa anayesoma neno badala ya kuliandika.

Chukua herufi ch. Kwa Kiingereza ina sauti tatu kuu, na zote tatu zimo katika maneno tunayotumia kila siku: chaki, mashine, kemia. "Chalk" ni neno lililokaa Kiingereza tangu enzi za kale, basi ch yake ni ch. "Machine" ni la Kifaransa, ch yake ni sh. "Chemistry" imepitia Kigiriki, ch yake ni k. Ukijua ukoo umeshajua sauti. Neno lenye harufu ya sayansi, falsafa au Biblia likiwa na ch, jaribu k kwanza: "chaos" ni KEI-os, "archangel" ni AAK-ein-jel. Neno lenye harufu ya jikoni la hoteli au mitindo ya mavazi, jaribu sh.

Na tarehe ya kuingia nayo ina uzito. "Chief" na "chef" ni neno moja la Kifaransa lenye maana ya mkuu. La kwanza lilivuka bahari zama za kati, wakati Wafaransa wenyewe bado wanasema ch, nasi tukalipata kuwa chifu. La pili lilivuka karne ya 19, Kifaransa kikiwa kimeshahamia kwenye sh, ndiyo maana mkuu wa jiko anaitwa shef.

Turudi kwenye mashindano yale ya Marekani: neno lililompa mshindi taji mwaka 2023 lilikuwa "psammophile". Linatisha kwa macho. Lakini ps mwanzoni na ph katikati vinapiga kelele kwamba ni la Kigiriki: p imenyamaza, ph ni f. SA-mo-fail. "Psammos" ni mchanga, "phile" ni mpenzi wa kitu, basi ni mmea au kiumbe anayestawi kwenye mchanga. Mwaka 2025 likatoka la Kifaransa, "éclaircissement", lenye maana ya kuliweka wazi jambo lililokuwa na utata, na kwa kuwa ni la Kifaransa, t ya mwisho inaandikwa tu.

Uzuri mwingine wa mizizi ya Kigiriki na Kilatini ni kwamba hulipi tena ukishajua chache. "Petrichor" ni ile harufu ya ardhi kavu inaponyeshewa mvua ya kwanza. Lilitungwa mwaka 1964 na watafiti wawili wa Australia, Isabel Joy Bear na Richard Thomas, kwa kuunganisha "petra", jiwe, na "ichor", majimaji ambayo Wagiriki waliamini yanapita kwenye mishipa ya miungu badala ya damu. Wengi wanalisoma kwa ch ya chai. Ni PE-tri-ko.

"Syzygy", SI-zi-ji, linaonekana kama kosa la mpiga chapa. Ni neno la elimu ya nyota na sayari: jua, dunia na mwezi vinapojipanga mstari mmoja, mwezi ukiwa mwandamo au mpevu. Mzizi wake wa Kigiriki unahusu kufungwa nira pamoja, kama maksai. Mvuvi wa Pwani anaishi nalo ingawa hajalisikia, kwa sababu mpangilio huo ndio unaoleta bamvua, maji yakajaa sana na kupwa sana.

"Serendipity", se-ren-DI-pi-ti, ni bahati ya kukutana na jambo jema usilolitafuta. Mwandishi Horace Walpole alilitunga katika barua ya Januari 1754, akitumia hadithi ya wana wa mfalme watatu wa nchi ya Serendip. Serendip ni Sarandib, jina ambalo Waarabu na Waajemi walikiita kisiwa cha Sri Lanka. Neno ambalo leo linauzwa kwenye vikombe vya zawadi London lina jina la kisiwa cha Bahari yetu ya Hindi ndani yake.

Neno refu ndilo rahisi

Watu huogopa urefu. Kwa maoni yangu woga huo umekaa mahali pasipo pake. Maneno yanayoumiza ni yale mafupi ya zamani, "quay", "awry", "tomb", "sew", kwa kuwa hayana kanuni ya kukushika mkono. "Quay", gati la meli, linasomwa kii, na hakuna namna ya kulikisia. Neno refu, kinyume chake, limejengwa kwa vipande, na mzungumzaji wa Kiswahili amezoea vipande tangu utotoni. Anayesema "nitakapokuandikia" bila kuvuta pumzi hana sababu ya kukimbia.

Chukua neno refu kuliko yote kwenye kamusi nyingi za Kiingereza, lenye herufi 45: "pneumonoultramicroscopicsilicovolcanoconiosis". Likate. "Pneumono" ni mapafu, na p tumeshaizika. "Ultra" ni kupita kiasi. "Microscopic" ni kidogo cha kuonekana kwa hadubini. "Silico" ni silika, madini ya mchanga. "Volcano" ni volkano. "Coni" ni vumbi, na "osis" ni hali ya ugonjwa. Unganisha: ugonjwa wa mapafu unaoletwa na vumbi laini mno la silika kutoka volkano. Litamke kipande kwa kipande: nyumono, altra, maikroskopik, siliko, volkeino, koni-OU-sis. Umemaliza.

Lakini usidanganywe kwamba madaktari wanalitumia. Lilitungwa mwaka 1935 na Everett Smith, aliyekuwa rais wa chama cha wapenzi wa mafumbo ya maneno Marekani, kwa lengo la kuwa neno refu kuliko yote. Ugonjwa wa vumbi la silika upo kweli, unawaua wachimbaji wa migodini, na daktari atauita "silicosis".

"Floccinaucinihilipilification", herufi 29, ni hadithi kama hiyo. Ni kitendo cha kukiona kitu hakina thamani yoyote. Limeunganishwa na maneno manne ya Kilatini yanayohusu vitu duni, kama unyoya wa sufu na unywele, na lilikuwepo tayari mwaka 1741 katika barua ya mshairi William Shenstone. Tharoor, yule yule wa "farrago", alilifufua mwaka 2018, na watu wakarudi tena kwenye kamusi.

Kuisoma kamusi ipasavyo

Mkazo ndio unaowaangusha hata waliobobea, kwa sababu unahama. "Photograph" unakaa mwanzoni, "photographer" unahamia silabi ya pili, "photographic" unahamia ya tatu. Na silabi isiyo na mkazo hunyongwa: irabu yake inafifia mpaka inakuwa mguno mfupi usio a wala e. Irabu hiyo hafifu ndiyo inayosikika zaidi kuliko zote katika Kiingereza, na haina hata herufi yake.

Fungua kamusi yoyote nzuri, ya karatasi au ya simu, utafute "epitome", neno linalomaanisha mfano halisi wa kitu. Mbele yake utaona hivi: /ɪˈpɪtəmi/. Usiruke. Kile kialama kidogo cha juu kabla ya p kinasema mkazo unaanza hapo, silabi inayokifuata. Ile e iliyopinduliwa kichwa chini, ə, ndiyo irabu hafifu. Na i ya mwisho inakuambia e haikunyamaza. Basi ni i-PI-to-mi, silabi nne, si "epi-tom" wa silabi tatu. Neno ni la Kigiriki, na Kigiriki hakina tabia ya Kiingereza ya kunyamazisha e ya mwisho. "Hyperbole" vivyo hivyo: hai-PA-bo-li, kutia chumvi. Ukiona nukta mbili baada ya irabu, kama kwenye /kiː/ ya "quay", maana yake ivute. Hayo manne yanatosha kukuvusha maneno mengi, na kwenye simu kuna alama ya spika ya kubonyeza usikie mwenyewe.

Kwa upande wa maana, wengi huchukua ya kwanza wanayoikuta wakaamini ndiyo sahihi kuliko nyingine. Inategemea kamusi. Kamusi kubwa ya Oxford hupanga maana kwa umri, ya zamani kwanza, hata kama imekufa. Kamusi za wanafunzi hupanga kwa matumizi, inayotumika zaidi kwanza. "Nice" kwenye Oxford inaanzia na mpumbavu, kwa kuwa chanzo chake cha Kilatini ni kutojua. Usimwambie mtu hivyo ukidhani umemsifu wala ukidhani umemtukana. Soma mpaka maana inayotumika leo.

Uzushi unaozunguka

Huenda umeona picha inayosema neno "ghoti" linaweza kusomwa "fish": gh kama ya "laugh", o kama ya "women", ti kama ya "nation". Huambatana na jina la George Bernard Shaw. Mzaha huo ulikuwepo kwenye barua ya mwaka 1855, Shaw hajazaliwa. Na hoja yenyewe haina miguu: gh haisomwi f ikiwa mwanzoni mwa neno, na ti haisomwi sh ikiwa mwishoni. Kiingereza kina kanuni, ila zinategemea nafasi ya herufi na ukoo wa neno.

Uzushi wa pili ni kwamba kilichomo kwenye kamusi hakina kosa. Mwaka 1934 kamusi kubwa ya Webster ya Marekani ilichapisha neno "dord", ikasema maana yake ni uzito wa kitu kwa ujazo wake, katika fizikia. Hakukuwa na neno kama hilo. Mhariri wa kemia alikuwa ameandika kadi fupi iliyosema "D or d", yaani D kubwa au d ndogo ni kifupisho cha "density". Aliyeipokea kadi aliisoma kuwa neno moja, akalipa matamshi yake, likaingia. Lilikaa miaka mitano bila kugunduliwa. Mwaka 1939 mhariri mmoja aliona halina asili iliyotajwa, akalifuatilia, likafukuzwa. Lile swali la watoto wa mashindano, limetoka wapi, ndilo lililolifichua.

Wa tatu ni kwamba Kiingereza sahihi ni cha Mwingereza mmoja wa kufikirika. Waingereza wenyewe wanabishana kama "scone", aina ya mkate mdogo, ni skon au skoun, na "schedule" kwao imezoeleka kuwa she-dyul huku Marekani wakisema ske-jul. Neno nalo halisubiri ruhusa ya London: mwaka 2022 kamusi ya Oxford iliongeza maneno ya Kiingereza cha Afrika Mashariki, "nyama choma", "daladala" na "mabati" yakiwemo, na sasa ni zamu ya msomaji wa Leeds kutafuta alama ya spika.

Kuna sehemu moja ambapo yote niliyoeleza hayasaidii: maneno ya mabaharia na majina. "Boatswain", ambaye kwenye majahazi yetu angeitwa serahangi, ni BOU-sn. "Forecastle", chumba cha mbele cha mabaharia, ni FOUK-sl. Yalisuguliwa baharini kwa karne nyingi na watu waliosema kuliko walivyoandika. Majina ya miji yalipita huko huko: Greenwich, tunayoitaja kila tukihesabu saa za dunia, ni GRE-nich; Leicester ni LES-ta; Worcester ni WUS-ta. Jina la ukoo Cholmondeley husomwa CHAM-li, na Featherstonehaugh mara nyingi husomwa FAN-sho. Mwingereza asiyeambiwa naye atakosea. BBC iliunda kamati ya kushauri matamshi mwaka 1926, wakiwemo washairi na wanaisimu, na leo ina kitengo kizima kwa kazi hiyo. Mtangazaji akikutana na jina asilolijua, kitengo hicho humtafuta mwenye jina au mwenyeji wa mahali, kikamuuliza.